Majimbi ya Mtoni Tusiyapige Dawa



Katika mkutano wetu uliopita lilizuka jambo ambalo halikuwamo katika orodha ya mazungumzo, nalo likachukua muda kuliko yote yaliyokuwamo. Mwenzetu mmoja, mwenye mikarafuu mizuri upande wa bondeni, alisimama akalalamika kwamba wanawake watatu wameingia shambani mwake bila ya idhini, wakachimba majimbi kandokando ya mto, na kwamba amekwisha kwenda kwa Sheha kuwashitaki. Akataka chama kimuunge mkono. Akataka na la pili: apewe lile bomba la chama la kupigia dawa kwa muda wa siku mbili, ayaue majimbi yote ya mtoni, ili liondoke shina la fitina. Baadhi ya wanachama walipiga makofi, na wengine walinyamaza. Sisi tuliokuwa tukiandika daftari la mkutano hatukusema neno, kwa kuwa kazi ya mwandishi mkutanini ni kuandika. Leo twaomba nafasi ya kusema.

Twasema kwamba majimbi ya mtoni yasipigwe dawa, na wale wanawake waachwe wachimbe.

Kwanza tujuane na jimbi lenyewe, maana tumeishi nalo muda mrefu hata hatulioni tena. (Hatusemi jimbi la kuwika, ingawa hilo nalo mashambani limekuwa adimu.) Jimbi hili ni mmea wa majani mapana kama ngao, wenye bua refu, na chini yake kiazi cha duara chenye ngozi ya kahawia na nyuzinyuzi. Wako watu wanaolipanda makondeni kwa mistari, wakalipalilia. Lakini lililo jingi katika kisiwa chetu halikupandwa na mtu tunayemjua. Limejiotea tu katika mabonde, penye chemchemi, kwenye kingo za mito na pembezoni mwa mashamba ya mpunga. Huzaa vitoto pembeni, vitoto navyo huzaa vingine, na maji ya mvua hubeba kipande kutoka shamba hili kukipeleka shamba lile. Mwenye shamba la chini hujiona kuwa ni mali yake, kumbe mbegu imetoka kwa jirani wa juu!

Wako wanaodhani kwamba jimbi ni gugu la zamani lililokuwako tangu dunia kuumbwa. Sivyo. Asili yake ni Asia, upande wa kusini na mashariki, na huku kwetu lilifika kwa vyombo vya baharini zamani mno, kama zilivyofika ndizi na viazi vikuu. Waarabu hulita qulqas, na Wamisri hulila mpaka leo, wakalipika pamoja na nyama na mboga za majani. Mkarafuu nao ni mgeni kutoka huko huko mashariki, visiwa vya Maluku, lakini yeye kufika kwetu ni jana tu, katika miaka ya mwanzo ya karne ya 19. Basi tukitaka kuhesabiana ukubwa, jimbi ndilo mwenyeji, na mkarafuu ndiye aliyekuja kupiga hodi. Hatusemi haya kumdharau mkarafuu, maana ndiye aliyetusomesha na kutujengea nyumba. Twasema ili asije mgeni akamfukuza mwenyeji kwa bomba la dawa.

Sasa natuzungumze habari ya chakula, ambayo ndiyo yenyewe.

Kila mwanachama anajua kwamba mkarafuu hauzai sawasawa. Mwaka mmoja hujaa hata matawi yakainama, na miaka inayofuata hupumzika, na pengine mwenye shamba hapati hata cha kuwalipa waliompalilia. Na anajua pia kwamba mchele tunaoupika mwingi unatoka ng'ambo, unakuja kwa meli, na bei yake hatuipangi sisi. Mwaka ambao karafuu hazikuzaa na mchele ukapanda, wenye mashamba huuza ng'ombe au hukopa. Lakini yule asiye na mkarafuu wala ng'ombe, aliyezoea kutuchumia na kutuchambulia, huyo huteremka bondeni na jembe lake. Wazee wanaoikumbuka miaka ya mwanzo ya 1970, chakula kilipokuwa adimu visiwani, wanaweza kueleza vizuri kuliko sisi ni vitu gani vilivyowekwa sufuriani katika siku zile. Hatupendi kuwafanya wayarudie. Tunachosema ni kwamba bonde lenye majimbi ni ghala isiyo na mlango, na ghala ya namna hiyo mtu haichomi moto kwa sababu tu mwaka huu ameshiba.

Na ghala hii inayo sifa moja ambayo ghala nyingine hazina. Jimbi hulihitaji kulichimba siku lilipokomaa. Likishatimiza miezi 6 mpaka 12, kwa kadiri ya mbegu na maji, unaweza kuliacha likangoja matopeni mpaka shida ikuite. Upepo hauliangushi. Kimbunga cha mwaka 1872 kiliing'oa mikarafuu ya Unguja karibu yote, na Pemba ikasalimika kwa sehemu kubwa. Mti umesimama juu unangoja upepo, na kiazi kimelala chini.

Majani yake nayo ni mboga, na hapa ndipo wengi wetu tunapokunja pua. Utamsikia mtu mzima akisema, "Majani ya majimbi ni mboga ya shida." Basi mtu huyo huyo akipewa mchicha uliopikwa kwa nazi hula mpaka akalamba vidole, na wala jani la jimbi halipungukiwi na kitu mbele ya mchicha. Lina nguvu ya vitamini zile zinazosaidia macho na damu, na lina protini ambayo kiazi chenyewe hakina kwa wingi. Mtoto anayekula wali mtupu kwa mchuzi wa maji, na nyuma ya nyumba yao bonde limejaa majani ya bure, huyo ana njaa ya kiburi cha wazee wake.

Lakini yafaa tuseme kweli yote. Jimbi linawasha. Ndani ya kiazi na majani mna chembe nyembamba kama sindano, ndogo hata hazionekani kwa macho, nazo huchoma ulimi na koo la mtu aliyekula jimbi bichi au lililopikwa haraka haraka. Ndiyo sababu mtu aliyelila mara moja likamwasha hulichukia maisha yake yote, na pengine kosa lilikuwa la mpishi. Lapasa kumenywa kwa mikono mikavu au iliyopakwa mafuta, maana mikono ikiwa na maji huwasha zaidi. Lapasa kuchemshwa mpaka liwe laini kabisa, na yale maji ya kwanza yamwagwe, kisha ndipo litiwe nazi. Majani yachumwe machanga, yale ambayo hayajakunjuka vizuri, yakatwe, yachemshwe na kumwagwa maji, kisha yapikwe kwa muda mrefu. Wako wanaotia ukwaju au ndimu, nao wanajua wanachokifanya, kwa kuwa uchachu hupunguza kuwasha. Na mwenye maradhi ya mawe katika figo asilizoee sana, hasa majani.

Tena si kila jani pana ni jimbi. Mitoni mwetu, na siku hizi hata katika bustani za mahoteli, yako majani yanayofanana nalo ambayo hayaliki. Alama ambayo tumeifundishwa na wazee, na ambayo ni ya kweli, ni hii: tazama mahali ambapo bua linashikana na jani. Katika jimbi la kweli bua huingia kwa upande wa chini ya jani, ndani kidogo, mbali na ule mkato wa ukingoni. Katika mengi ya yale mengine bua hufika hapo hapo kwenye mkato. Liko na jimbi jingine linalolika ambalo bua lake hufika mkatoni, lakini asiyelijua kwa jina na kwa shamba asilijaribu kwa kusoma gazeti letu, aulize kwa anayelila.

Sasa twarudi kwenye bomba la dawa, na hapa hatuna budi kukiri.

Katika shamba alilotuachia marehemu baba yetu mna mto mdogo. Miaka mitatu iliyopita tulilichukua bomba hili hili la chama, tukapiga dawa kuanzia juu ya kilima mpaka kwenye maji, kwa kuwa tulitaka shamba lionekane safi siku ya kuja kwa wageni. Likaonekana safi kweli. Baada ya wiki mbili majimbi yote yalikuwa yamelala, manjano, kama majamvi yaliyosahauliwa mvuani. Yule bibi jirani yetu, ambaye tangu utoto wetu alikuwa akichimba hapo, akaja na kikapu chake, akasimama akatazama. Hakutugombeza. Alisema tu, "Kumbe mmepasafisha, mwanangu," akarudi.

Ilipokuja mvua ya masika ukingo wa mto ukaanza kumeguka. Hatukujua kwamba ile mizizi na yale majani ndiyo yaliyokuwa yakiushika udongo na kupunguza kasi ya maji. Mikarafuu miwili iliyokuwa karibu ikaachwa mizizi nje, na mmoja ukaanguka. Mkarafuu huo uliotiwa mikononi mwetu ukiwa mzima haukuuliwa na maradhi, wala na upepo. Tuliuua sisi, kwa kutaka usafi. Ramadhani ilipoingia tukawa tunakwenda sokoni kununua majimbi ya futari, yaliyokwisha nyauka juani, na muuzaji akatuambia bila ya kuulizwa kwamba yametoka katika bonde la jirani yetu! Na ulipofika msimu wa kuchuma, yule bibi na binti zake, ambao walikuwa wachambuaji wetu wa kila mwaka, walikwenda kuchambua kwa mtu mwingine. Hawakusema kwa nini. Nasi hatukuwa na uso wa kuwauliza.

Twaomba kila mwanachama alifikirie jambo hili la mwisho kuliko yote. Kila msimu ofisi yetu hupata malalamiko ya namna moja: wachumaji hawapatikani, wachumaji wamekwenda dago la mtu mwingine, karafuu zinafunguka juu ya mti kwa kukosa mikono. Kisha mtu huyo huyo aliyekosa mikono mwezi wa kuchuma, mwezi wa njaa humkamata mwenye mikono hiyo kwa kiazi cha matopeni. Mchumaji anayo kumbukumbu. Yule anayepanda juu ya mkarafuu wetu, akahatarisha maisha yake kwa malipo ya pishi au ya kilo, anajua ni nani aliyemwachia bonde na ni nani aliyempeleka kwa Sheha.

Wenzetu wanaopinga wanayo hoja, wala hatuipuuzi. Wanasema wako watu wanaoingia kwa jina la kuchimba majimbi, na kumbe wanaokota karafuu zilizoanguka, na wengine hawaokoti tu, wanavunja matawi. Ni kweli. Tumeyaona. Lakini mwizi wa karafuu huja wakati wa karafuu, na mwenye njaa huja wakati wa njaa, na nyakati hizi mbili mara nyingi hazikutani. Basi na tukubaliane kwamba tangu siku mwenye shamba anapoanza kuchuma mpaka anapomaliza, asiingie mtu bondeni bila ya kumwambia. Siku nyingine zote bonde liwe wazi kwa majirani kama lilivyokuwa kwa wazee wetu, na anayechimba akate kichwa cha jimbi pamoja na kipande cha bua akirudishe matopeni, kwa maana hicho ndicho mbegu. Wanawake wa zamani walikuwa wakifanya hivyo bila ya kuambiwa. Vijana wa siku hizi wengine huchukua yote na kuacha shimo, na hao wafundishwe, tena kwa maneno mazuri.

Hoja ya pili ni ya sheria: shamba ni la mtu, na kila kilichomo ni chake. Hatubishani na hati ya mtu. Lakini wale waliosoma chuoni wanakumbuka kwamba Mtume (S.A.W.) ameyataja maji, malisho na moto kuwa ni vitu ambavyo watu wanashirikiana. Sisi si mashehe wala hatutoi fatwa kwamba jimbi nalo limo humo. Tunauliza tu: kitu ambacho mtu hakukipanda, hakukipalilia, hakukitilia mbolea, wala hakumbuki kuwa kipo mpaka siku alipomwona mwingine akikichimba, ladha ya kukizuia ni ipi?

Na iko ya tatu, kwamba penye majani marefu pana nyoka na mbu. Nyoka hupenda penye panya, na panya hupenda penye chakula kilichotupwa ovyo, basi mabaki ya dago yafukiwe. Mbu huzaa katika maji yaliyosimama. Mto unaokwenda si kidimbwi, na makopo matupu yaliyotupwa nyuma ya nyumba zetu yana mbu zaidi kuliko bonde zima.

Wala tusije tukaambiwa kwamba tumeligeuza jimbi kuwa tumaini la pekee. Huko Samoa, visiwa vya Bahari ya Pasifiki, watu walilitegemea jimbi kama sisi tunavyoitegemea karafuu: chakula chao cha kila siku na bidhaa yao ya kuuza nje. Mwaka 1993 yakaingia maradhi ya ukungu unaoozesha majani, na kwa kuwa wakulima wengi walikuwa wamepanda mbegu ya namna moja tu, mashamba yakateketea karibu yote, na biashara yao ya nje ikaanguka kwa ghafula. Ilibidi watafute mbegu nyingine zenye kustahimili. Mwenye akili huona hapo habari ya Samoa na habari yake mwenyewe. Katika mabonde yetu yamo majimbi ya namna mbalimbali, yenye bua la kijani, yenye bua la zambarau, yanayopenda maji na yasiyoyapenda, nayo yamejihifadhi yenyewe bila ya gharama ya mtu. Anayelipiga dawa bonde lake hajui ameua mbegu gani.

Tena iko habari ya maji yenyewe. Dawa hizi nyingi zimeandikwa juu ya kopo kwamba zisipigwe penye maji, lakini maandishi ni madogo, na wengi wetu tukishalipata kopo hutazama bei tu. Mto unaopita shambani mwako hauishii shambani mwako. Chini yake pana mpunga wa mtu, pana mahali pa kufulia, na penginepo pana kisima.

Kwa hiyo tumeiomba Kamati, na Kamati imekubali kulileta jambo hili rasmi katika mkutano mkuu ujao, kwamba bomba la chama lisitumike chini ya hatua 20 kutoka kwenye maji. Kingo za mito zipaliliwe kwa mkono kwa anayetaka, majimbi yaachwe. Mwanachama asiyekubali aje aseme mbele ya wote, nasi tutayaandika maneno yake kama alivyoyasema. Kuhusu wale wanawake watatu, tumemwendea mwenzetu nyumbani kwake, tukazungumza naye baina yetu, naye ametuahidi kumwona Sheha tena. Twamshukuru. Jina lake hatukulitaja mwanzo na hatulitaji sasa.

Bomba limo ofisini. Anayelihitaji kwa juu ya kilima aje siku yoyote isipokuwa Ijumaa, na kabla ya kutia sahihi atuambie atakapopiga.